Je, mitetemo ya chembe inaweza kubeba hadithi? Naomba nadharia yangu ipimwe kwa fizikia

Mwanahadithi wa Pangani ameuliza:

Salaam kwenu nyote. Kwa muda sasa nimekuwa nikiandika nadharia ambayo nimeiita Nadharia ya Mtetemo Simulizi, na kabla sijaendelea nayo ningependa isomwe na watu wanaoijua fizikia kwa undani kuliko mimi, kwa kuwa kazi yangu ni kukusanya ngano za wazee wa pwani. Nadharia inaanzia kwenye jambo ambalo vitabu vya sayansi vinalikubali, kwamba hakuna chembe iliyotulia: atomi za jiwe hutetema mahali pake, molekuli za hewa hugongana bila kukoma, na hata kwenye baridi ya mwisho kabisa fizikia ya kwanta inasema kwamba mtetemo mdogo hubaki. Hadithi nayo, inapotoka kinywani, hutoka ikiwa mtetemo. Kutokana na mambo hayo mawili nimefikia madai matatu.

Dai la kwanza ni kwamba hadithi ikisimuliwa huacha alama katika chembe za mahali pale, hewani na kwenye kuta, na kwamba alama hiyo haifutiki. La pili ni kwamba hadithi inayotugusa ni ile ambayo mtetemo wake unaoana na mtetemo wa chembe za miili yetu, na ndiyo sababu msimulizi akisema "Paukwa!" hadhira nzima huitikia "Pakawa!" kwa pamoja na kuanzia hapo hucheka na kushusha pumzi kwa wakati mmoja. La tatu ni kwamba ngano za nchi zilizo mbalimbali zinafanana kwa sababu chembe ni zilezile kila mahali, na kwa hiyo huzaa hadithi zilezile. Nimesoma pia kuhusu Nadharia ya Nyuzi, inayosema kwamba chembe zote za msingi ni nyuzi ndogo mno zinazotetema, nikaona huenda hicho ndicho kiungo ninachokitafuta.

Ninachouliza ni hiki: je, miongoni mwa madai haya lipo linaloweza kusimama mbele ya fizikia inayopimika? Dai likianguka, naomba nionyeshwe ni wapi hasa linapoangukia.

Mwalimu wa Maabara amejibu:

Ndugu Mwanahadithi, umetusaidia sana kwa kuigawa nadharia yako katika madai yanayoweza kushikwa moja moja. Nitaanza na hewa, kwa sababu huko ndiko fizikia ya hadithi iliko tajiri kuliko wengi wetu tunavyodhani.

Tuseme bibi ameketi mkekani, mjukuu yuko mbele yake umbali wa mita moja, naye bibi anatamka "Paukwa" kwa sauti ya mazungumzo. Kamba za sauti kooni mwake zinafunguka na kujifunga takriban mara 200 kwa sekunde, na kila mara zinaisukuma hewa kidogo. Msukumo huo unasafiri kutoka tabaka moja la hewa hadi jingine kwa kasi ya mita 343 hivi kwa sekunde, lakini hewa yenyewe haisafiri. Ukipiga hesabu kwa sauti ya kiwango hicho utaona kwamba hewa iliyo mlangoni mwa sikio la mtoto inasogea mbele na kurudi nyuma kwa nanomita 40 hivi, yaani chini ya sehemu moja ya elfu moja ya unene wa unywele. Wakati huohuo, kwa sababu ya joto la chumba peke yake, kila molekuli ya hewa hiyo inakimbia ovyo kwa takriban mita 500 kwa sekunde na kugongana na nyingine mara bilioni kadhaa katika sekunde hiyo moja. Mwendo ambao sauti ya bibi inauongeza juu ya vurugu hiyo ni mdogo kuliko vurugu yenyewe kwa takriban mara milioni kumi. Hata hivyo mtoto anasikia, tena anatambua kwamba bibi leo ana mafua. Anaweza kufanya hivyo kwa sababu kiwambo cha sikio hakifuatilii molekuli moja moja. Kinapokea wastani wa molekuli nyingi mno kwa pamoja, na katika wastani huo vurugu hufutana na mpangilio hubaki.

Kutokana na hapo dai lako la kwanza linapata jibu lake. Si wewe wa kwanza kulifikiria: mwaka 1837 mwanahisabati Mwingereza Charles Babbage, yuleyule aliyebuni mashine za kukokotoa, aliandika kwamba hewa ni maktaba kubwa ambamo kila neno lililowahi kutamkwa limehifadhiwa. Hoja yake ilikuwa ya kisayansi kabisa, kwa kuwa sheria za mwendo alizozijua hazifuti kitu: molekuli iliyosukumwa husukuma nyingine, nayo nyingine, na athari haiishi. Kwa maana hiyo finyu Babbage hakuwa mbali na ukweli. Tatizo ni usomaji. Kila mgongano huikuza tofauti ndogo iliyokuwapo kabla yake, hivyo baada ya migongano michache tu hakuna awezaye kujua ni mwendo upi ulitoka kwa bibi na upi ulitoka kwenye joto la chumba, mpaka apime mwendo wa kila molekuli kwa usahihi usiowezekana. Sentimita moja ya ujazo wa hewa ina molekuli zipatazo bilioni 25 zikizidishwa kwa bilioni moja. Alama ipo katika hesabu, lakini hakuna chombo wala mwili unaoweza kuisoma, na alama isiyosomeka na chochote haiwezi kufanya kazi unayotaka ifanye. Nishati yake nayo huishia kuwa joto, na ni kidogo mno: sauti ya mazungumzo hutoa wati moja iliyogawanywa kwa laki moja hivi, kwa hiyo ingebidi mtu azungumze bila kunyamaza karibu siku tano ili nishati yote ya sauti yake itoshe kupasha gramu moja ya maji kwa nyuzi moja tu ya selisiasi.

Kuta zina hali ngumu zaidi. Najua wapo wanaosimama mbele ya kuta za matumbawe za Gede au za Kilwa Kisiwani wakihisi kwamba mawe yale yamesikia mengi, nami sitaki kuwavunjia hisia hiyo. Lakini mgandamizo wa sauti ya mazungumzo unaubana ukuta wenye unene wa mita moja kwa kiasi kidogo kuliko upana wa atomi moja, kisha ukuta unarudi ulivyokuwa, kwa sababu jiwe likibanwa kidogo hivyo hujirudi lote. Ili alama ibaki ni lazima kitu fulani kivunjike, kichanike, kichafuliwe au kihame mahali pake.

Dai la pili linaangukia kwenye namba. Ni kweli kwamba kitu hutetema kwa nguvu kikichochewa kwa masafa yake ya asili, yaani idadi ya mitetemo kwa sekunde ambayo ni yake mwenyewe. Waya wa udi huvuma wenyewe ukipigwa waya mwingine uliosawazishwa nao. Ila atomi za mwili wetu hutetema katika viungo vyake vya kikemia zaidi ya mara trilioni kumi kwa sekunde, ilhali sauti ya msimulizi inahesabika kwa mamia na maelfu. Kutegemea sauti hiyo ichochee mtetemo wa atomi ni sawa na kumsukuma mtoto kwenye bembea mara moja kila miaka elfu tano.

Kuhusu Nadharia ya Nyuzi nitasema machache. Nyuzi hizo, kama zipo, zinakadiriwa kuwa ndogo kuliko kiini cha atomi kwa takriban mara bilioni mia moja zikizidishwa kwa bilioni moja. Mitetemo yake inakusudiwa kueleza uzito na chaji za chembe, na mpaka leo hakuna jaribio lililothibitisha kwamba zipo. Neno "mtetemo" limetumika pande zote mbili, lakini hakuna njia inayoziunganisha nyuzi hizo na koo la bibi.

Fundi wa Studio amejibu:

Naomba kuongeza kwenye hoja ya mwalimu kuhusu alama inayobaki, kwa kuwa kazi yangu ya kila siku ni kuhifadhi sauti na jambo hili naliona likitokea mikononi mwangu.

Mwaka 1857 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alisajili chombo kilichokuwa na utando mwembamba na kisindano kilichochora mawimbi ya sauti kwenye karatasi iliyopakwa masizi ya taa. Hakukusudia sauti ile isikike tena; alitaka watu waione na kuisoma kwa macho. Edison alikuja na mashine inayorudisha sauti miaka 20 baadaye, mwaka 1877. Karatasi moja ya Scott, ya mwaka 1860, ilikaa kimya hadi mwaka 2008, watafiti wa Marekani walipoipiga picha za kina na kuigeuza kuwa sauti kwa kompyuta, na ukasikika wimbo wa watoto wa Kifaransa. Mwanzoni waliichezesha kwa kasi maradufu, wakadhani anayeimba ni binti. Kasi iliporekebishwa ikawa sauti ya mwanamume, huenda Scott mwenyewe. Mchoro ulikuwa uleule na masizi yaleyale, lakini bila kujua kasi yake hata jinsia ya mwimbaji haikujulikana. Hilo, Mwanahadithi, ndilo ninalotaka ulitie kwenye nadharia yako: mtetemo ulioandikwa unahitaji kanuni ya kuusomea, na kanuni hiyo haimo ndani ya mtetemo wenyewe.

Upande mwingine, usidhani vitu vya kawaida haviitikii sauti. Mwaka 2014 watafiti wa chuo cha MIT cha Marekani walirekodi video ya pakiti ya krispi kupitia kioo kisichopitisha sauti, kwa kamera inayopiga picha maelfu kwa sekunde, na kutokana na mitikisiko ya pakiti isiyoonekana kwa macho wakayapata maneno yaliyokuwa yakisemwa chumbani. Pakiti ilitikisika wakati maneno yanasemwa. Msemaji aliponyamaza, nayo ikatulia. Aliyehifadhi ni kamera.

Msomaji wa Ngano amejibu:

Nami niliangalie dai la tatu, ambalo wataalamu wa fizikia wameliruka, na kwa haki kabisa, kwa sababu majibu yake hayako maabara.

Wengi wa pwani wanakijua kisa cha kima na papa. Kima anakaa juu ya mkuyu ufukweni, anamrushia papa matunda, wanakuwa marafiki. Siku moja papa anambeba mgongoni kwenda kwao, na wakiwa katikati ya bahari anamwambia kwamba mfalme wao anaumwa na dawa yake ni moyo wa kima. Kima anajibu kwamba ameuacha moyo wake mtini, warudi wakauchukue. Kisa hiki pamoja na kile cha punda wa dobi kinachofungamana nacho, kwa kuwa kima ndiye anayemsimulia papa, vilichapishwa kwa Kiswahili mwaka 1870 katika mkusanyiko wa Askofu Edward Steere wa Zanzibar. Lakini visa hivyohivyo viwili, vikiwa vimefungamana vivyo hivyo, vimo katika Panchatantra, mkusanyiko wa kale wa ngano za Wahindi, ambako anayembeba kima ni mamba. Katika karne ya 6 visa vya Panchatantra vilitafsiriwa kwa Kiajemi cha kale, na katikati ya karne ya 8 Ibn al-Muqaffa akavitia katika Kiarabu kwa jina la Kalila wa Dimna. Humo mamba amekuwa kobe. Kilipofika kwetu, mbebaji amekuwa papa.

Tazameni kilichobadilika na kilichobaki. Mnyama wa majini hubadilika kufuata maji ambayo wasikilizaji wanayajua, na mti nao hubadilika. Hila ya moyo ulioachwa mtini haibadiliki, kwa sababu ukiiondoa hiyo hakuna kisa. Kama ngano ingezaliwa na chembe zilizo sawa kila mahali, tungetarajia ichipuke popote bila mpangilio. Badala yake inafuata njia za biashara na za tafsiri, na kila kituo kimeacha alama yake juu yake. Zipo ngano fupi ambazo yawezekana zilizuka mahali pawili bila kuambukizana, hilo silikatai. Ila visa viwili vilivyofungwa pamoja kwa fundo lilelile haviwezi kuzuka mara mbili kwa bahati. Walivileta watu, kwa vinywa na kwa vitabu, wakisafiri kwa majahazi ya kaskazi.

Mkaazi wa Kisangani amejibu:

Ndugu zangu, huku kwetu kuna mfano ambao naona unafaa mbele ya swali hili kuliko nadharia yoyote, nao ni ngoma ya gogo iliyokuwa ikitumwa kusema.

Gogo la mti hutobolewa mwanya mrefu juu, kisha huchimbwa ndani ili midomo miwili ya mwanya iwe na unene tofauti. Kila mdomo ukipigwa hutoa toni yake, moja ya juu na nyingine ya chini. Lugha ya Wakele, jirani zetu kwenye Mto Kongo, ni lugha ya toni, yaani kupanda na kushuka kwa sauti hubadili maana ya neno, na ngoma huchukua toni peke yake. Irabu zote na konsonanti zote zinapotea. Mmisionari Mwingereza John Carrington, aliyefanya kazi Yakusu karibu na mji wetu na kuchapisha uchunguzi wake mwaka 1949, alieleza namna wapigaji walivyolitatua tatizo hilo. Neno la mwezi na neno la kuku yana mpangilio mmoja wa toni, hivyo ngoma ikipiga neno tupu hakuna atakayejua ni lipi. Kwa hiyo ngoma haisemi "mwezi" tu; inapiga kifungu kizima chenye maana ya mwezi unaoitazama dunia kutoka juu, na kwa kuku inapiga kifungu cha yule mdogo anayelia kiokio. Ujumbe unarefuka mara nyingi kuliko ukisemwa kwa mdomo, lakini unafika bila utata.

Usiku ngoma hizo zilisikika mbali zaidi, hasa kandokando ya mto, na mwalimu anaweza kunisahihisha nikikosea: hewa ya chini hupoa, ya juu yake hubaki na joto, na sauti iliyokuwa ikipanda hupindishwa kurudi chini.

Fikiria mgeni aliyelala kwenye mtumbwi usiku ule. Mtetemo uliofika sikioni mwake ni uleule uliofika kwa mwenyeji wa kijiji cha pili. Mwenyeji amepata habari ya msiba, jina la marehemu na la ukoo wake. Mgeni amesikia ngoma.

Mwanahadithi wa Pangani amejibu:

Nawashukuru sana, hasa kwa kutonihurumia. Nimeelewa kwamba mtetemo ni chombo, na kwamba kinachosafiri ndani yake ni mpangilio unaohitaji mtu wa kuufungua. Lakini kuna jambo ambalo bado sijaridhika nalo, mwalimu, nalo ndilo lililonifanya nianze kuandika. Nimekaa barazani na wasikilizaji wengi, na kuna wakati katika simulizi nzuri ambapo unahisi watu wote wamefungamana: wananyamaza pamoja, wanavuta pumzi pamoja. Kama si chembe zinazooana, ni nini kinachooana? Na kinapimika?

Mwalimu wa Maabara amejibu:

Kinapimika, ndugu yangu, na hapa ndipo naona nadharia yako inaweza kupata uhai mpya ikikubali kuachana na atomi.

Ndugu wa Kisangani, maelezo yako kuhusu hewa ya usiku ni sahihi, nami nitaanzia kwa mgeni wako wa kwenye mtumbwi, kwa sababu jaribio linalofanana naye limefanyika. Mwaka 2010 Uri Hasson na wenzake wa Chuo Kikuu cha Princeton walimrekodi mwanamke akisimulia kisa cha maisha yake huku ubongo wake ukipigwa picha kwa mashine ya sumaku, kisha wakawapima wasikilizaji wakiisikiliza rekodi hiyo. Shughuli za ubongo wa wasikilizaji zilifuata zile za msimulizi, katika sehemu nyingi zikichelewa sekunde chache, na katika baadhi ya sehemu zikitangulia, yaani msikilizaji alikuwa akilitarajia lijalo. Waliofanana zaidi na msimulizi ndio waliokielewa kisa vizuri zaidi. Wasikilizaji walipowekewa kisa cha Kirusi, lugha wasiyoijua, mfungamano huo ulipotea. Kwa dai lako la pili hili ni pigo kubwa, kwa kuwa mitetemo ya sauti ilikuwapo kwa ukamilifu wake, lakini bila uelewa haikufungamanisha kitu.

Kwa upande mwingine, mtetemo unaweza kubadilishwa kabisa na hadithi ibaki. Mtu akinong'ona, kamba zake za sauti hazitetemi, hivyo ile mitetemo 200 kwa sekunde niliyoianzia haipo. Mtoto anakielewa kisa kilekile. Viziwi husimuliana hadithi kwa lugha ya alama, ambako kinachosafiri ni mwanga, na wasikilizaji, au tuseme watazamaji, hucheka na kushusha pumzi kwa pamoja vilevile. Nadharia yoyote inayoifunga hadithi kwenye mtetemo fulani itakwama hapo.

Kuna mdundo mmoja, hata hivyo, ambao nakushauri usiuache. Katika lugha nyingi zilizopimwa, sauti ya mazungumzo hupanda na kushuka kwa nguvu takriban mara nne au tano kwa sekunde, sambamba na silabi, na mawimbi ya umeme ya ubongo wa msikilizaji huufuata mdundo huo. Kipande cha utenzi chenye mizani 8, kikisomwa kwa mwendo wa mazungumzo, kinachukua karibu sekunde mbili. Ningependa sana kuona mtu wa pwani akipima kinachotokea kwa msikilizaji pale mizani inapotimia na kina kikafika mahali alipokitarajia, kwa sababu matarajio ndiyo yaliyoonekana katika jaribio la Princeton.

Mashine za sumaku hatuna, ila mapigo ya moyo tunaweza kuyapima kwa vifaa vya bei nafuu. Mwaka 2021 watafiti wa Paris na New York walichapisha matokeo yanayoonyesha kwamba watu wanaosikiliza kisa kimoja kwa makini, kila mmoja peke yake na kwa wakati wake, mapigo ya mioyo yao huongezeka na kupungua katika sehemu zilezile za kisa. Umakini wao ukivurugwa, ulinganifu hupungua. Kwa kuwa hawakuwa chumba kimoja, hawakushiriki hewa wala kuta, na bado walilingana.

Basi jaribio lako naliona hivi. Chagua kisa ambacho wasikilizaji hawajawahi kukisikia, kirekodiwe na msimulizi anayejua Kiswahili na lugha nyingine ambayo hakuna hata mmoja wao anayeielewa, kwa sauti ileile na mwendo uleule kadiri iwezekanavyo. Kundi la kwanza lisikilize kwa Kiswahili, la pili kwa lugha hiyo ngeni, la tatu lisikilize mnong'ono wa Kiswahili. Kila mtu asikilize peke yake. Andika mapema nadharia yako inatabiri nini kwa kila kundi, kabla hujaona matokeo yoyote: dai la chembe litatabiri kwamba kundi la pili lilingane kama la kwanza na la tatu lipungue sana, ilhali dai la uelewa litatabiri kinyume chake. Kisa kisipungue dakika tano, kwa sababu mapigo ya moyo hubadilika polepole na kisa kifupi hakitakupa data ya kutosha. Ukishapata rekodi, nitumie hapa, nami nitakusaidia kuyapanga makundi na kufanya hesabu.